Mlio Uliomtoa Wilf Hebditch

Wilf Hebditch aliichezea kaunti yetu mechi sitini na moja kwa misimu saba, na ukimtafuta katika vitabu vya kriketi utampata kwa mstari mmoja tu, tena wa herufi ndogo. Mikimbio mingi zaidi aliyopata kwa zamu moja ni tisini na tatu, na kila mkimbio ni alama moja. Wapenzi wa vitabu hivyo huipita tisini na tatu bila kusimama, maana kwetu mtu asiyefika mia ni kama hajafika popote. Mimi huwa nasimama hapo. Siku ile nilikuwa mpigaji mwenzake, upande wa pili wa vijiti, yadi ishirini na mbili kutoka kwake, na najua kwa nini haikuwa mia.

Naitwa Cyril Budge. Nami nina mstari wangu, mrefu kuliko wake kwa misimu minne. Hiyo misimu minne ndiyo habari yenyewe.

Ilikuwa Agosti ya mwaka 1953, mechi ya mwisho ya nyumbani, uwanja wa Wexbourne, ule wenye kiwanda cha bia nyuma yake. Upepo ukivuma kutoka huko unanuka kimea kilichochemshwa mpaka chai inakushinda. Mimi na Wilf tulikuwa wachezaji wa mshahara, wapigaji wa namba tano na namba sita, tukibadilishana nafasi kufuatana na nani kaboronga wiki iliyopita. Mwezi Juni katibu wa klabu alikuwa ameshuka kwenye chumba chetu cha chini, kile kilichopakana na choo, akasimama mlangoni kwa sababu hakupenda kuingia, akatuambia kwamba mwakani kamati itabakisha mmoja wetu. Hakusema yupi. "Mtajionyesha wenyewe," alisema, akaondoka kwa haraka kama mtu aliyeacha kitu motoni.

Basi tulijionyesha. Tulijionyesha Juni nzima na Julai nzima, na tulikuwa wabovu sawasawa. Wilf akipata thelathini, kesho yake napata thelathini na moja. Akitoka bila mkimbio, nami natoka bila mkimbio. Wenzetu walianza kututania. Walituita maharusi.

"Maharusi leo wamelala mapema," walikuwa wakisema tukirudi chumbani wote wawili kabla ya chakula cha mchana.

Wilf alicheka nao. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimewahi kupakia mapipa kwenye kile kiwanda cha bia kabla kaunti haijanichukua, nikiwa na miaka kumi na tisa, na nilijua mgongo wa mtu unakuwaje baada ya majira mawili ya baridi ndani ya yale maghala. Mke wangu Mavis alikuwa na mimba ya miezi saba. Nasema haya si kwa kujitetea. Nasema kwa sababu ndiyo niliyokuwa nayo kichwani kila siku, kama jino bovu.

Nahodha wetu alikuwa Bwana Carlyon. Yeye hakulipwa. Alikuwa mmoja wa wale tuliowaita waungwana, wenye mashamba na mapato ya kurithi, waliocheza kwa kupenda tu. Walikuwa na chumba chao juu, chenye madirisha na roshani, na mlango wao wenyewe wa kuingilia uwanjani. Sisi tulimwita bwana mkubwa, yeye alituita kwa majina ya baba zetu kama anavyoita mbwa wa kuwindia. Mchezaji wa mshahara alipandishwa kile chumba cha juu kwa jambo moja tu, nalo ni kuambiwa kwamba amemwaga unga. Ndiyo maana mtu akiitwa juu, wengine wote chini walijifanya wanafunga kamba za viatu.

Bwana Carlyon alikuwa na sheria moja aliyoipenda kuliko nafsi yake. Mpira ukigusa gongo lako, hata kwa unywele, na mdakaji wa nyuma ya vijiti akaudaka, umetoka. Lakini mara nyingi mguso huo ni mdogo mno, mwamuzi hauoni, ni mpigaji peke yake anayeusikia kwenye mikono yake. Timu nyingine mpigaji hubaki kasimama, anaangalia mawingu, anamwachia mwamuzi kazi yake. Kwetu hapana. "Wachezaji wangu hawangoji kufukuzwa," alisema Bwana Carlyon kila mwanzo wa msimu. "Umegusa, unaondoka mwenyewe, kichwa juu." Kijana mmoja alithubutu kubaki mwaka 1951 na hakuonekana tena kwenye orodha.

Siku ya kwanza ya mechi ile Bwana Carlyon mwenyewe aliugusa mpira akiwa na mikimbio minne. Mlio ulisikika mpaka kwa wauza vinywaji. Mdakaji akaudaka, timu pinzani nzima ikaruka juu kwa kelele, naye bwana mkubwa akasimama pale pale akirekebisha glavu yake kidole kimoja kimoja. Mwamuzi akasita, kisha akatikisa kichwa. Nahodha akaendelea mpaka sabini na moja.

Mezani, akila nyama yake baridi, alisema bila kuulizwa: "Sikusikia kitu. Upepo ule, nyie."

Tukaitikia kwamba upepo ulikuwa mkali. Chumbani kwetu chini watu walicheka mpaka wakalia. Wilf peke yake hakucheka.

"Labda kweli hakusikia," alisema.

"We Wilf, usitufanye watoto," nilimwambia. "Hata bibi yangu kasikia, na bibi yangu yuko kaburini."

"Mtu akisema hakusikia, Cyril, mimi nitamwitaje mwongo? Mikono ni yake."

Hivyo ndivyo alivyokuwa. Ukimwambia kitu usoni, amekipokea. Kulikuwa na siku nilimwonea wivu kwa hilo, na kulikuwa na siku nilitamani kumzaba kofi.

Siku ya tatu tulihitaji mikimbio mia mbili na kumi kushinda. Wakubwa walitoka upesi, Bwana Carlyon akiwa mmoja wao, na vijiti alivyokuwa akivilinda viliangushwa waziwazi kabisa, maana hakuna upepo wa kusingiziwa vijiti vikilala chini. Wilf akaingia. Sijui alikula nini asubuhi ile. Mtu niliyemjua kwa miaka saba, anayeusukuma mpira kwa woga kama anafukuza kuku wa jirani, alisimama akaupiga kushoto na kulia mpaka wazee waliokuwa wamelala kwenye viti wakaamka. Mimi niliingia akiwa na hamsini na nane. Kila alichopiga kilikwenda alikotaka.

Enid, mke wake, alikuwa amekaa karibu na ubao wa matokeo na kikapu cha sandwichi mapajani. Wilf alipofika sabini, Enid aliacha kula. Wilf akafika themanini na mbili, kisha themanini na sita, na watu walianza kupiga makofi kwa kila mkimbio mmoja mmoja. Kule juu kwenye roshani, Bwana Carlyon alikuwa ameegemea ukingo, na kando yake alisimama katibu wa klabu. Nilimwona katibu anaandika kitu. Mimi nilikuwa na ishirini na mbili.

Niseme wazi. Wilf angefika mia siku ile, asingeitwa juu. Ningeitwa mimi. Alipofika tisini na tatu tayari nilikuwa nanusa kimea.

Mdakaji wa wapinzani, mtu mmoja mdomo mpana aitwaye Prosser, hakunyamaza hata dakika.

"Wilf, miguu inatetemeka. Unataka kiti?"

"Nipo sawa, Prosser."

"Tisini na tatu! Mama yako anajua uko huku? Kuna mtu kamwambia? Atadhani wamekosea gazetini."

Wilf alitabasamu, akainama kwenye gongo lake. Mrushaji akaanza kukimbia kutoka mbali, akanipita begani. Mimi nilisimama upande wa mrushaji, kando ya mwamuzi, kama sheria inavyotaka, gongo langu limegusa ardhi. Gongo lenyewe lilikuwa na ufa kuanzia chini. Sikuwa na jingine. Nilikuwa nimelifunga kwa uzi wenye nta, na nikiliegemea kwa nguvu lilikuwa linatoa mlio, ta, kama kijiti kikavu kinapovunjika.

Mpira ukaruka, ukapita karibu sana na gongo la Wilf. Wakati ule ule mimi niliegemea. Ta.

"Refa! Vipi hapo?" Prosser alipiga kelele, mpira uko kwenye glavu zake juu ya kichwa.

Mwamuzi alikuwa mzee Skelhorn, ambaye zamani alikuwa mrushaji na aliyajua yote. Hakusita hata kidogo. Alitikisa kichwa. "Hajatoka." Kisha akatupa jicho kwenye gongo langu, akanitazama usoni, akageuka kuhesabu mfukoni kokoto zake za kuhesabia mipira iliyorushwa. Alijua mlio ulitoka wapi. Ulikuwa umelia futi tatu kutoka sikio lake.

Wilf hakuondoka. Kwanza nilidhani ameamua kuwa kama wengine. Lakini alikuwa amesimama akiangalia mikono yake, anaifungua na kuifunga. Akanijia katikati, kama wapigaji wanavyokutana kuzungumza baina ya mipira.

"Cyril, umesikia ule mlio?"

"Nimesikia."

"Mimi sikuhisi kitu mikononi. Hata kidogo. Ni mimi? Nimeugusa?"

Alinitazama moja kwa moja. Jasho lilikuwa linamdondoka kwenye kidevu. Nyuma yake nilimwona Enid kasimama, kikapu kimeanguka. Nilikuwa na nafasi ya kusema maneno matatu, ni gongo langu. Nilikuwa na nafasi hata ya kunyamaza, nikapandisha mabega, naye angerudi kwenye nafasi yake.

"Umeugusa, Wilf," nilisema. "Nimeusikia vizuri. Lakini refa kakuacha. Kaa tu, nani atajua?"

Hilo la mwisho ndilo lililomwondoa. Nilimjua Wilf. Ningemwambia aondoke, labda angebisha. Nilimwambia akae kama mwizi, na nilijua hatakaa.

"Asante," alisema. Alinishukuru! Akaweka gongo kwapani, akaanza kutembea.

"Hebditch," Skelhorn alimwita. "Unakwenda wapi? Nimesema hujatoka."

"Nimeugusa, Bwana Skelhorn."

"Nani kakwambia?"

Wilf hakumjibu, kwa sababu hakutaka kuniingiza katika jambo lake. Uwanja mzima ulisimama ukampigia makofi. Prosser mwenyewe alivua glavu akapiga. Kwenye roshani Bwana Carlyon alikuwa anapiga makofi mikono iko juu ya kichwa, akipaza sauti: "Safi sana! Safi, Hebditch!" Wilf aliangalia kule juu, na nakuapia alikuwa na furaha. Alidhani ameona jibu lake.

Nilibaki mimi. Nikacheza mpaka hamsini na nane, gongo langu likilia kila nilipoliegemea, na Skelhorn hakuniambia neno hata moja mpaka jioni. Tulishinda.

Saa kumi na mbili, jua bado liko juu ya kiwanda, mtumishi wa chumba cha juu akashuka ngazi. Tulikuwa tumekaa mataulo viunoni. Aliniangalia mimi, akamwangalia Wilf.

"Hebditch. Bwana Carlyon anakuita."

Wote tukashika kamba za viatu. Wengine walikuwa peku, wakashika hivyo hivyo. Wilf alivaa koti lake, akachana nywele. "Labda anataka kunipa mkono," aliniambia kwa sauti ya chini. Nilisema labda.

Sakafu ya chumba cha juu ilikuwa dari yetu, mbao tupu. Tulisikia kila neno.

"Ulichofanya leo ni kitu kizuri, Hebditch. Nimeguswa."

"Asante, bwana mkubwa."

"Ila mwamuzi alikuacha. Mtu kapewa zawadi mkononi, akiwa na tisini na tatu, timu inamhitaji, naye anairudisha. Kamati imeona hivyo. Mtu wa namna hiyo hana njaa. Budge ana njaa."

Kisha Wilf: "Lakini bwana mkubwa, wewe mwenyewe unasema tusingoje."

"Ndiyo, ndiyo. Na ninafurahi." Glasi iligonga meza. Mtu mwingine alicheka huko juu. "Ungekuwa muungwana mzuri sana, Hebditch, laiti ungekuwa na kipato."

Wakacheka wawili watatu. Tulisikia hatua za Wilf zinavuka dari, taratibu, mpaka mlangoni. Alipoingia chumbani kwetu alikuja moja kwa moja kwangu na mkono umenyooshwa.

"Hongera, Cyril. Mpe Mavis salamu."

Nilimpa mkono. Wa kwake ulikuwa mkavu, wangu ulikuwa umelowa.

Alikwenda kupakia mapipa kwenye kiwanda cha bia, kule kule nilikokukimbia mimi. Kiwanda kilikuwa na timu yake ya Jumamosi, watu wazima wenye vitambi, na walimbembeleza awachezee. Alikataa. Nilisikia kwa watu kwamba aliwaambia mikono yake haina habari za kweli. Walidhani ni mzaha. Mtu aliyejua gongo lake limegusa nini tangu akiwa na miaka saba, kaaminishwa kwamba limegusa naye asijue. Hakulishika tena.

Mimi nilicheza misimu minne. Usiniulize nilifanya nini. Nilipata kumi na saba, nikapata tisa, nikapata thelathini siku ya mvua. Mwaka 1957 mtumishi alishuka ngazi akasema jina langu, nikapanda, Bwana Carlyon akaniambia sina tena ile njaa. Mia sikuipata kamwe.

Kila Agosti, wiki ya mechi ya Wexbourne, wachezaji wa zamani hukaa kwenye benchi moja chini ya ubao wa matokeo. Wilf alikuja kila mwaka na sandwichi za Enid, ananikatia nusu. Na kila mwaka, katikati ya maongezi ya mambo mengine, aliuliza.

"Cyril, ule mlio ulikuwaje hasa?"

"Mdogo. Mkavu."

"Kama nini?"

"Kama kijiti kikavu."

Alitikisa kichwa, anaifungua na kuifunga mikono yake. "Ajabu," alisema. "Sikuhisi kitu." Miaka arobaini, swali lile lile, na mimi nikitafuna sandwichi yake. Nilianza kumchukia kwa swali hilo. Nakiri. Nilikuwa nafika uwanjani naomba mvua inyeshe.

Mwaka jana hakuja. Enid akapiga simu, akasema mapafu yamekwisha na Wilf anataka kuniona, niende mchana maana mchana ana pumzi kidogo. Walikuwa wamemshushia kitanda sebuleni, kando ya dirisha. Alikuwa amebaki mifupa na lile tabasamu. Enid aliniletea chai na kipande cha keki, akakaa kwenye kiti cha pembeni na sweta analofuma.

"Umekuja," Wilf alisema. "Nina jambo dogo."

"Sema, mzee mwenzangu."

"Skelhorn. Unamkumbuka?" Alipumzika, akavuta pumzi. "Kabla hajafa alinitafuta. Ni miaka ishirini sasa, sikukwambia. Aliniambia ule mlio haukutoka kwangu. Kasema ulitoka upande wenu. Kasema gongo lako lilikuwa na ufa."

Sindano za Enid zilisimama.

"Nikamfukuza," Wilf alisema. "Nilimwambia atoke nyumbani kwangu. Nilimwambia Cyril alisimama pale, nikamuuliza uso kwa uso, akaniambia. Na kama angetaka nitoke, asingeniambia nikae. Si uliniambia nikae?"

"Nilikwambia ukae."

"Eeh. Basi." Akainua mikono yake juu ya blanketi, akaitazama yote miwili, imekuwa kama ya ndege. "Ila sasa nimelala hapa sina kazi, nayafikiria. Mara moja tu, Cyril, kisha sitakuuliza tena. Ilikuwa mikono yangu?"

Nilitaka kumwambia. Sitadanganya hilo nalo. Neno lilikuwa mdomoni kabisa. Lakini nilifikiria misimu yangu minne, ile kumi na saba na ile tisa, mstari wangu kitabuni uliozidi wa kwake. Vichekesho, lakini sina kingine. Nikimrudishia mikono yake, mimi nabaki na nini? Nina miaka sabini na moja, na kitu pekee nilichowahi kushinda ni hicho.

"Ilikuwa yako, Wilf," nilisema. "Niliusikia vizuri."

Alishusha mikono. Kitu fulani usoni mwake, kilichokuwa kimesimama kinangoja, kikakaa chini. Alifunga macho.

"Umesikia, Enid?" alisema. "Nilikwambia mimi. Cyril hawezi kunidanganya."

Miaka yote hiyo Enid aliniita Cyril, tangu tukiwa vijana, tangu siku ya harusi yao ambapo nilishika pete. Aliweka sweta chini, akaja mpaka nilipokaa, akanitazama usoni. Kisha akachukua kikombe changu, kimejaa bado kinatoa moshi, na sahani ya keki ambayo sikuwa nimeigusa.

"Chai yako imepoa, Bwana Budge," alisema, akaenda kuimwaga.